Kuflashi simu kwa rimoti: Samsung inakubali, za MTK zinapotea njiani. Tatizo ni nini hasa?

FundiNyakato
Wakuu, habari za majukumu.

Niko Mwanza, kazi yangu ni kuflashi, yaani kuandika upya programu za simu. Nina boksi na vidude vya leseni vya USB (bila hivyo programu ya kuflashi haifunguki) ambavyo mafundi wengi wa Geita, Kahama na Sengerema hawana, kwa hiyo wakikwama wananipigia. Utaratibu wetu ni huu: jamaa anaweka programu ya kushare USB kwenye kompyuta yake, anachomeka simu ya mteja, mimi huku naiona kwenye mashine yangu na kuifanyia kazi. Nikimaliza ananitumia hela, kila mtu anaendelea na yake.

Samsung ikiwa kwenye hali ya kudownload haina shida kabisa. Inakaa pale, Odin (programu ya kuflashi Samsung) inaiona, faili linapanda hata kama ni taratibu. Kasheshe ni simu za MTK, yaani zenye chip ya MediaTek. Jamaa anashikilia vitufe vya sauti, anachomeka waya, huku kwangu Windows inalia mlio wa kupokea kifaa, na kabla sijashika mausi inalia tena mlio wa kuchomoa. Kwisha habari. Anarudia, hivyo hivyo. Simu hiyo hiyo na waya huo huo vikipandishwa basi vikaletwa Mwanza, kazi inaisha dakika tano.

Nauliza: hii ni intaneti, draiva, au programu yenyewe ya kushare? Bando tunalo, tusianzie huko.

NgojaNgoja
Ngoja wajuzi waje. Mimi nimekaa paleee.

GhorofaYaAggrey
Mkuu, kabla hujaruka kwenye intaneti kagua umeme. Mafundi wengi wana ile hub ya USB ya bei chee isiyo na chaja yake, na kila kitu kimo humo: mausi, printa, flashi, halafu simu ya mteja juu yake. Tundu la USB 2.0 limepangiwa miliampia 500 tu. Simu yenye betri iliyokufa ikiamka inavuta kwa nguvu, hub inayumba, kompyuta inahesabu kwamba kifaa kimechomolewa. Ndiyo huo mlio wako wa pili.

Na ndiyo maana ikija Mwanza inakubali. Hukuichomeka kwenye hub ya yule jamaa, au ulikuja nayo?

Mnyamwezi_Kernel
Umeme unaweza kuwa sehemu yake, sikatai, ila mzizi siuoni hapo.

Simu ya MTK ikiamka huku waya umechomekwa, kinachoanza kuongea ni programu ndogo inayoitwa preloader. Inajitangaza kwa kompyuta, utaiona kwa namba VID 0E8D (ya kampuni) na PID 2000 (ya aina ya kifaa). Ikishajitangaza inasubiri salamu kwa muda mfupi sana. Isiposalimiwa inaendelea na safari yake ya kuwasha simu, na kile kifaa cha USB kinafutika.

Sasa hesabu kinachofanyika kwa rimoti. Kompyuta ya Geita inaiona simu. Programu ya kushare inainyang'anya kutoka kwa draiva ya kule. Taarifa inasafiri hadi Mwanza. Windows yako inaumba kifaa cha bandia, inauliza ni nini hiki, kila swali linaenda Geita na jibu linarudi, ndipo inatafuta draiva, ndipo inafungua poti ya COM, ndipo programu yako ya kuflashi inaamka na kutuma salamu. Preloader ilishaondoka zamani.

Samsung kwenye download haina haraka na mtu. Itakaa pale mpaka uichoke wewe.

FundiNyakato
@Mnyamwezi_Kernel hapo nimekuelewa vizuri. Lakini kuna kitu kinanitatiza. Kuna mara moja moja inakubali! Wiki iliyopita Tecno moja iliingia, ikasoma taarifa zote za simu, nikashangilia. Nilipobonyeza kuandika faili ikakatika. Kama ni muda tu, mbona ilisalimiwa?

@GhorofaYaAggrey hub yake nimeiona kwa picha. Ina kiraka cha gundi. Nakubali hoja yako nusu.

Mnyamwezi_Kernel
Hiyo ya kukatika unapoanza kuandika ni kisa kingine. Simu ya MTK inabadilisha sura katikati ya kazi. Inaingia kama preloader, PID 2000. Ukiitumbukiza kwenye BROM, programu iliyochomwa ndani ya chip yenyewe, inakuwa PID 0003. Programu ikishapakia ile wanayoita DA, programu ndogo ya kupokea faili ndani ya simu, mara nyingi simu inajichomoa na kujichomeka upya ili ipate mwendo wa kasi. Kila ikijichomoa, kwa macho ya programu ya kushare huyo ni mgeni mpya ambaye hajaruhusiwa kupita. Kama jamaa wa kule alishare kwa mkono, akabonyeza simu moja kwenye orodha, ile sura ya pili haivuki. Inabaki Geita.

Tafuta kwenye programu yenu sehemu ya kushare yenyewe kila kinachochomekwa, au iambie ishare chochote chenye VID 0E8D. Halafu weka draiva za sura zote mbili kwenye mashine YAKO. Kwa kompyuta ya Geita draiva ya simu haina kazi tena, kule ni njia tu.

Kisauni_Tech
Salaam wenzangu, niko Mombasa. Mimi naona mwaenda kinyume kabisa.

Kwa nini uivute simu? Simu ndiyo nzito, ndiyo yenye haraka, ndiyo yabeba gigabaiti. Kidude cha leseni ni chepesi, chaulizwa maneno machache na kujibu. Basi wacha simu ikae kwa fundi wa Geita, programu ya kuflashi ikae kwa huyo huyo, na wewe ushare KIDUDE kiende kwake. Wamwongoza kwa AnyDesk, ile ya kuendesha kompyuta ya mwenzio kwa mbali, wabonyeza wewe mwenyewe. Preloader yapata salamu papo hapo maana yule yuko naye mezani.

Mimi nina Raspberry Pi, kompyuta ndogo, dukani yenye VirtualHere ya kushare USB, kidude kimechomekwa humo saa zote. Hata nikiwa Malindi nakipata kwenye laptopu. Seva yao ya bure yaruhusu kifaa kimoja, na kimoja chanitosha.

GhorofaYaAggrey
Kaka wa Kisauni, hapo umeongea kitaalamu lakini biashara umeiweka rehani. Kidude kikishaenda kwa mtu, ni chake mpaka utakapokikata. Vidude vingine vina krediti za kulipia, kila kazi inakata. Mimi nilimpa mtu njia hiyo hiyo, mchana tukafanya simu moja, tukaagana vizuri. Usiku krediti zikawa zinapungua zenyewe, na mimi nimelala. Jamaa alikuwa hajafunga programu na anapokea wateja mpaka saa nne usiku!

Kisauni_Tech
Sasa hilo si kosa la mtambo 😂 Ukimaliza kazi wakata. Mimi nimezoea kuchomoa kwa mkono kabisa.

NgojaNgoja
Fundi wa Aggrey kalipishwa kodi ya usiku. Endeleeni.

MbweniMuscat
Habari za huko nyumbani. Mimi niko Muscat, nasaidia mafundi wa Unguja na Dar kwa njia hii, kwa hiyo nina ya kusema kuhusu umbali.

Pingi yangu (muda wa data kwenda na kurudi) kwenda Dar ikiwa nzuri ni milisekunde mia na kitu, ikiwa mbaya inafika 250. Fanya hesabu. Programu ikituma kipande cha kilobaiti 64 na kusubiri jibu ndipo itume kingine, kwa pingi ya 250 zinapita vipande vinne kwa sekunde. Hizo ni KB 256 kwa sekunde, hata kama una faiba ya kasi gani. Faili la GB 3 linakula karibu saa tatu na nusu. Na ndani ya saa hizo tatu na nusu mtandao usikatike hata mara moja, umeme usikatike, na mtoto wa fundi asiguse waya.

Watu wananunua bando kubwa wakidhani ndiyo dawa. Kasi ya bando na muda wa kwenda na kurudi ni vitu viwili. Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilipokatika baharini, njia ikazunguka huko ilikozunguka, nilisimamisha kazi za kuandika faili kabisa. Nilikuwa nasoma taarifa za simu tu.

Mnyamwezi_Kernel
@MbweniMuscat hesabu ni sahihi kwa programu inayosubiri jibu kila kipande. Si zote ziko hivyo. USB inaruhusu maombi mengi yawekwe foleni kwa pamoja bila kusubiri la kwanza limalizike. Programu ya kuflashi ikiwa imeandikwa na mtu mjanja, umbali unaumiza kidogo tu. Tatizo ni kwamba nyingi ziliandikwa kwa ajili ya waya wa mita moja, mwandishi hakuwaza Muscat.

Na kuna programu zenye kikomo cha kusubiri. Sekunde tano bila jibu, inatangaza kosa na kujitoa. Mara nyingi mtu anaona kosa anadhani simu ni mbovu.

Shemeji_wa_Ruta
Mbona mnazunguka sana? Tumieni usbipd ya Microsoft, programu ya bure ya kushare USB kwa njia iitwayo USB/IP. Fungua poti 3240 kwenye ruta ya fundi wa Geita, unaandika amri moja, simu iko kwako. Haya ma-programu ya kulipia ya nini.

BintiMitandao
@Shemeji_wa_Ruta tafadhali USIMFUNDISHE mtu kufungua 3240 kwa dunia nzima. USB/IP haina paswedi na haifichi data. Yeyote atakayeikuta poti hiyo anaweza kujiunganishia kifaa ulichokishare na kusoma kinachopita. Fundi amechomeka flashi yenye picha za wateja? Akiwa amewasha kushare kila kinachochomekwa kama alivyoshauriwa juu, na flashi imo.

Pili, hiyo poti haitafunguka hata ukitaka. Mafundi wengi wanatumia ruta ya laini ya simu. Ingia kwenye ruta, soma anwani iliyopewa upande wa nje. Ikianzia 100.64 mpaka 100.127, hiyo anwani mnagawana na wateja wengine wa kampuni ya simu, hakuna wa nje anayeweza kukufikia. Ndiyo maana zile programu za kulipia zinafanya kazi: pande zote mbili zinapiga simu kwenda kwenye seva ya kati.

Dawa ya bure ni kuweka WireGuard au Tailscale (zinatengeneza njia ya siri kati ya kompyuta) kwenye kompyuta zote mbili, ndipo USB/IP ipite ndani yake. Angalizo: Tailscale nayo inatoa anwani za 100 kutoka fungu hilo hilo, msije mkachanganya.

Mnyamwezi_Kernel
Nyongeza kwa Shemeji. USB/IP si ya Microsoft. Ni kazi ya Mjapani Takahiro Hirofuchi na wenzake kule Nara, waliitangaza 2005. Ilikaa miaka kwenye Linux upande wa majaribio, ikaingia rasmi kwenye kernel (kiini cha Linux) toleo la 3.17 mwaka 2014. Hiyo usbipd-win ni mradi huria wa watu wengine. Microsoft wanaielekeza tu kwenye maelezo yao kwa wanaotumia Linux ndani ya Windows.

Shemeji_wa_Ruta
Sawa mwalimu. Ila ya bure ni ya bure.

Mzalendo_Kigogo
Nyie mnaongea preloader, mimi nauliza hizi simu zinatoka wapi. Mtu yuko Geita, simu imefungwa, mwenyewe hajulikani, fundi yuko Mwanza hajaona hata sura ya mteja. Kesho polisi wakija wanamkamata nani? Mnakumbuka TCRA, wasimamizi wa mawasiliano, walivyozima simu feki 2017, watu wakakimbilia kubadilisha IMEI, namba ya utambulisho wa simu. Hiyo ni jinai.

BintiMitandao
Ni 2016, usiku wa tarehe 16 Juni. Lakini hoja yako ina uzito. Kubadilisha IMEI kumekatazwa na sheria ya mawasiliano ya kielektroniki na posta ya 2010, na kuwa mbali na simu hakukutoi kwenye kesi.

FundiNyakato
@Mzalendo_Kigogo kazi zangu asilimia kubwa ni simu zilizokwama kwenye nembo baada ya apdeti kukatika. IMEI sigusi, na simu iliyofungwa kwa akaunti ya Google naomba risiti na boksi lake kwa picha. Asiye nazo namwambia aende dukani aliponunua. Napoteza wateja, najua.

Turudi kwenye mada. Nimefanya alivyosema Mnyamwezi: kule wameweka ishare chochote cha 0E8D, huku kwangu nimeweka draiva za sura zote. Infinix imeingia na kuandika faili dogo la boot mpaka mwisho! Nyingine ya chip hiyo hiyo imegoma kama mwanzo. Tukaihamishia tundu la nyuma ya kompyuta bila hub, ikakubali. Kwa hiyo Aggrey naye yumo.

GhorofaYaAggrey
Naam. Mezani kwangu hub imepigwa marufuku.

Mnyamwezi_Kernel
Au Windows yako ilikuwa imeshamaliza kusajili draiva mara ya kwanza, ya pili ikawa chapu. Mkihama tundu na kurudia jaribio kwa pamoja hamuwezi kujua kipi kimeponya. Irudishe kwenye hub uone.

GhorofaYaAggrey
Mteja anasubiri simu yake, wewe unataka utafiti.

MwanaKibosho
Mimi kilio changu ni simu za chip ya Qualcomm. Nimeishort vizuri iingie EDL, ile hali ya dharura ya kuflashi, dirisha la vifaa linaonyesha 9008 na HAIPOTEI, imetulia kabisa. Lakini programu inasema Sahara (mazungumzo ya mwanzo na simu) imefeli. Kwa rimoti tu. Hapa hoja ya preloader kuondoka haipo, maana kifaa kipo mbele ya macho.

MbweniMuscat
Hiyo naijua. Ikiingia 9008 simu ndiyo inayoanza kuongea. Inatuma salamu yake mara moja na kusubiri. Ile salamu ikisomwa na kitu kingine kabla ya programu yako, au ikipotea wakati kifaa kinahamishwa kutoka kompyuta ya kule kuja kwako, programu yako inakaa kusubiri salamu iliyokwisha kutolewa. Simu nayo inasubiri jibu. Mmekaa mnaangaliana. Kule kwa fundi toa draiva ya Qualcomm kabisa, wasibaki na kitu cha kuigusa, washa kushare kwanza, kisha ndiyo aingize simu 9008.

MwanaKibosho
Nimejaribu kutoa draiva ya kule. Imekubali kwenye Redmi moja, nyingine bado. Sasa wengine wananiambia ni zile simu za Xiaomi zinazodai akaunti yenye kibali ndipo ziandikwe kupitia EDL, kwa hiyo hata salamu ikifika itakwama mbele.

MbweniMuscat
Hiyo ya kibali inakuja baada ya salamu, ujumbe wake wa kosa ni tofauti. Soma logi usisome rangi nyekundu tu.

Kisauni_Tech
Na bado nasema, simu ikae kwa mwenyewe. Faili la GB 3 mwalipitisha hewani mara mbili kwa nini? Mwenye simu alipakue usiku, asubuhi wewe waingia kwa AnyDesk dakika kumi.

FundiNyakato
Kompyuta ya jamaa wa Sengerema ina RAM ya GB 2 kaka. Ukifungua AnyDesk na programu ya kuflashi kwa pamoja inaganda mpaka feni inaimba. Na yeye hana leseni ya programu, leseni imefungwa kwenye mashine yangu, si kwenye kidude.

Kisauni_Tech
Aah. Kama leseni yashika mashine, hapo huna budi.

MhasibuArusha
Samahani naingilia kati. Sisi tuna programu ya hesabu yenye kidude cha leseni cha USB, ofisi Arusha, tawi Moshi. Kila siku kidude kinabebwa kwenye bodaboda. Hii mnayoongea inaweza kutufaa?

Kisauni_Tech
Yafaa sana, na kwenu ni rahisi kuliko kwao maana kidude hakina haraka. Kompyuta ndogo iwe Arusha yawaka saa zote, kidude ndani yake, Moshi mwajiunganisha kwa Tailscale. Ila soma mkataba wa leseni, kampuni nyingine zakataza. Na wakati Moshi yatumia, Arusha haiwezi. Kifaa kimoja, mtumiaji mmoja.

MhasibuArusha
Shukrani. Na kamera ya USB je, ya mikutano?

Mnyamwezi_Kernel
Kamera achana nayo. Kamera na sauti zinatumia usafirishaji wa USB uliopangiwa muda maalumu kwa kila pakiti. Kwenye mtandao wa ndani wenye waya labda. Arusha mpaka Moshi utaona picha za vipande vipande. Tumia programu ya mikutano ya kawaida.

FundiMagari_Temeke
Na sisi wa magari? Kuna jamaa anataka nimpe kifaa cha kusomea gari kwa njia hii aandike ECU (kompyuta ya gari) akiwa Dubai.

MbweniMuscat
Kusoma makosa, sawa. Kuandika ECU usikubali kwa USB ya mtandao. Ikikatika katikati gari haliwaki tena, na mteja hatataka kusikia habari za pingi. Faili liwe kwenye laptopu iliyo ndani ya gari, chaja ya betri imeungwa, na yule wa Dubai aangalie skrini tu.

FundiMagari_Temeke
Kavuta bei nzuri lakini.

GhorofaYaAggrey
ECU bei gani?

FundiMagari_Temeke
😅 Nimekuelewa.

NgojaNgoja
Wakuu nami nina swali. Kishikwambi cha mwanangu cha shule kimekwama kwenye nembo, ndani ni MTK. Nacho ni mambo hayo hayo?

FundiNyakato
Uko wapi?

NgojaNgoja
Nyegezi.

FundiNyakato
Sasa wewe uko Nyegezi, hapa hapa Mwanza, unataka rimoti ya nini? Panda daladala ukilete.